Mwandishi Aliyeandikwa: Kazi, Umiliki na Nguvu ya Maandishi katika Riwaya za Foundryside na Babel

IKISIRI

Makala hii inahakiki riwaya mbili za kifantasia zilizoandikwa kwa Kiingereza: Foundryside (2018) ya Robert Jackson Bennett na Babel (2022) ya R. F. Kuang. Riwaya zote mbili zimebuni taaluma ya waandishi ambao maandishi yao hubadili hali halisi ya vitu. Hoja kuu ni kwamba, kinyume na inavyoonekana katika usomaji wa juujuu, kazi hizi hazimtukuzi mshika kalamu kama mtawala. Zinamsawiri kama mfanyakazi aliyeajiriwa, ambaye nguvu ya maandishi yake hutokana na kitu asichokimiliki mwajiri, lakini matunda yake humwendea mwajiri huyo. Uhakiki umeongozwa na nadharia ya vitendo-uneni, dhana ya Umarx kuhusu kutenganishwa kwa mfanyakazi na zao la kazi yake, pamoja na maana pana za kitenzi cha Kiswahili andika. Makala inaonesha pia kuwa kanuni ya uchawi katika Babel ina mgongano wa ndani kuhusu lugha zilizokua kwa kuchanganyika, na kwamba mgongano huo huonekana wazi zaidi riwaya inaposomwa kutoka upande wa Kiswahili.

1.0 Utangulizi

Wazo kwamba neno lililoandikwa linaweza kutenda si geni kwa msomaji wa Kiswahili. Katika upwa wa Afrika Mashariki, aya za Kurani zimekuwa zikiandikwa kwa zafarani juu ya sahani nyeupe, zikaoshwa kwa maji au marashi, na mgonjwa akanywa. Hilo ndilo kombe. Hirizi nayo ni maandishi yaliyokunjwa, yakashonewa ndani ya ngozi au kitambaa na kuvaliwa mwilini. Katika desturi hizi, nguvu hainasibishwi na mwalimu aliyeandika wala na wino wenyewe. Inanasibishwa na Mwenyezi Mungu, na mwandishi ni njia tu. Akipokea ujira, hupokea kwa taabu yake, si kwa sababu neno ni mali yake.

Fantasia ya karne ya 21 imelichukua wazo hili na kulipeleka mahali pengine. Katika Foundryside na Babel, uandishi wenye nguvu ni taaluma kamili. Una shule, madaraja, siri za kazi, wafadhili na masoko. Mwandishi hafungi saumu wala hasubiri rehema. Anafanya hesabu, anapekua kamusi, anajaribu na kusahihisha. Kosa lake linaweza kulipua chumba, na ufanisi wake unaweza kuongeza mwendo wa meli. Kwa hiyo, swali analopaswa kuulizwa mwandishi huyu ni tofauti na lile anaoulizwa mwalimu wa kombe. Kwa mwalimu, swali ni kama dua imekubaliwa. Kwa mwandishi wa riwaya hizi, swali ni nani anayemlipa, na nani anamiliki kilichoandikwa.

Usomaji wa haraka unaweza kuishia kwenye fumbo la kawaida kwamba kalamu ni silaha na anayeishika ndiye mwenye dunia. Makala hii inapendekeza kuwa riwaya zote mbili zimeandikwa ili kulikanusha fumbo hilo. Wenye dunia katika kazi hizi si waandishi. Ni wale wanaowaandika waandishi kazi.

2.0 Mkabala wa Kinadharia

Nadharia ya vitendo-uneni iliasisiwa na J. L. Austin katika mihadhara aliyoitoa mwaka 1955 na kuchapishwa mwaka 1962, baada ya kifo chake. Austin alionesha kuwa kuna semi ambazo hazielezi tu hali, bali hutenda: hakimu anapotamka hukumu, mshitakiwa anakuwa mfungwa, mume anapotamka talaka, ndoa inaingia katika hali nyingine. Hata hivyo, semi hizo hufanikiwa tu masharti yake yanapotimia. Lazima msemaji awe na mamlaka, mahali pawe panapostahili, na utaratibu uwe unaotambuliwa na jamii. Mpita njia akitamka hukumu ileile barabarani, hafungwi mtu. Kwa maneno mengine, nguvu ya neno haimo katika neno peke yake, bali katika taasisi inayolizunguka. Riwaya za kifantasia zinapolifanya neno liusogeze mkokoteni au lizuie daraja lisianguke, zinaigeuza kanuni ya kijamii kuwa kanuni ya kimaumbile. Kazi ya mhakiki ni kutafuta masharti ya mafanikio yako wapi, na yanalindwa na nani.

Mhimili wa pili ni dhana ya Karl Marx, hasa katika miswada yake ya mwaka 1844, kwamba mfanyakazi wa kiwandani hutenganishwa na zao la mikono yake. Kadiri anavyozalisha zaidi, ndivyo zao lake linavyosimama mbele yake kama kitu kigeni chenye nguvu juu yake. Dhana hii hutumika sana kwa kazi za mikono. Riwaya hizi zinaihamishia kwenye kazi ya akili na lugha.

Mhimili wa tatu unatoka ndani ya Kiswahili. Kitenzi andika kina maana ambazo Kiingereza huzigawa katika vitenzi tofauti. Mtu huandika barua. Huandika meza, yaani huipanga tayari kwa mlo. Huandika vibarua, yaani huwaajiri. Na jambo lisiloepukika husemwa kuwa limeandikwa. Katika kitenzi kimoja kuna kuchora maneno, kupanga vitu, kuajiri watu na kukadiria majaliwa. Taaluma inayosawiriwa katika riwaya hizi inagusa maana zote nne kwa pamoja: waandishi huandika maneno, maneno hayo hupanga vitu upya, waandishi wenyewe wameandikwa kazi, na maisha yao yamekadiriwa na waliowaandika. Kiambishi kimoja tu, -w-, kinamhamisha mtu kutoka kuandika hadi kuandikwa. Riwaya zote mbili zinaishi katika nafasi hiyo.

3.0 Foundryside: Kitu Kilichoshawishiwa na Mtu Aliyefanywa Kitu

Mji wa kubuni wa Tevanne unatawaliwa na nyumba nne za biashara: Candiano, Dandolo, Michiel na Morsini. Kila nyumba ina mtaa wake uliozungushiwa kuta, uitwao campo, na ndani yake kuna waandishi waliobobea katika alama za kale. Alama hizo zinapoandikwa juu ya kitu, hukishawishi kiamini jambo lisilo kweli kuhusu nafsi yake. Gurudumu huaminishwa kwamba limo kwenye mteremko, hivyo huviringika bila farasi. Mshale huaminishwa kwamba umekuwa ukianguka kutoka juu kwa muda mrefu, hivyo huruka kwa kasi ya kutisha. Kitu hakilazimishwi, kinadanganywa kwa hoja.

Hapa ndipo masharti ya Austin yanapoonekana kwa umbo la mtambo. Hoja inayotosha kukidanganya kitu ni ndefu mno kuandikwa yote juu ya gurudumu au mshale. Kwa hiyo, hoja hizo huhifadhiwa katika mitambo mikubwa iitwayo leksikoni, iliyomo ndani ya viwanda vya nyumba za biashara. Kitu kilichoandikwa alama chache hufanya kazi kikiwa karibu na leksikoni. Kikienda mbali, alama zake hubaki mikwaruzo mitupu. Bennett ameupa umbo la chuma ukweli ambao Austin aliusema kwa mifano ya mahakama na ndoa: maandishi hayana nguvu nje ya taasisi inayoyapa maana. Anayemiliki leksikoni anamiliki masharti ya mafanikio. Mwandishi anaweza kuwa na akili kuliko wote, lakini akitoka nje ya kuta, kalamu yake imekufa.

Nje ya kuta wanaishi watu wa Commons, wakiwemo waandishi waliofukuzwa au kutoroka, ambao huuza kazi zao kwa magendo. Riwaya inawasawiri kwa huruma na ucheshi, lakini haifichi kwamba maarifa yao ni makombo ya meza ya wenye leksikoni. Hata Orso Ignacio, mwandishi mkuu wa nyumba ya Dandolo, mtu mkali wa maneno na mwenye kipaji kisicho na shaka, hutumia sehemu kubwa ya riwaya akihofia hesabu za mwajiri wake na kuficha fedha alizozitumia bila idhini. Bingwa wa kubadili maumbile ya vitu hana uwezo wa kubadili masharti ya ajira yake.

Uzito wa kimaadili wa riwaya umewekwa kwa Sancia Grado. Sancia ni mwizi aliyewahi kuwa mtumwa katika mashamba, na huko alifanyiwa jaribio la kupachikwa bamba lenye alama ndani ya fuvu lake. Lengo la majaribio ya aina hiyo lilikuwa kumwandika binadamu kama mshale unavyoandikwa, ili atii kama kitu. Sancia alinusurika, na tangu hapo akigusa ukuta au kufuli husikia linavyojijua, lakini hawezi kuvumilia mguso wa mwili wa mtu. Katika mhusika huyu, kuandika na kuandikwa vimekutana katika ngozi moja. Riwaya inazidisha jambo hili kupitia Clef, ufunguo wa dhahabu unaozungumza na unaoweza kufungua kufuli lolote lililoandikwa. Baadaye inabainika kuwa Clef alikuwa mtu. Alama zenye nguvu kuliko zote, zile za wahenga wa kale walioweza kuuamuru ulimwengu bila kuudanganya, zilihitaji uhai wa binadamu utolewe na kuhamishiwa ndani ya kitu. Chini ya hoja zote za kitaalamu kuna mwili wa mtu.

Mbinu ya Clef inastahili kuangaliwa kwa makini. Hafungui kufuli kwa kuandika alama mpya. Analiuliza maswali: limeambiwa lizuie nini, kwa masharti gani, na je, hali hii nayo inahesabika? Kufuli, likiwa linajitahidi kutii, hujikuta limeruhusu lisichokusudia. Kwa hakika, Clef ni msomaji. Bennett anapendekeza kuwa njia ya kwanza ya kupambana na maandishi ya wenye nguvu ni kuyasoma kwa makini kuliko walivyoyasoma wenyewe, si kuandika zaidi yao. Hapa ndipo riwaya inapokuwa na thamani kubwa kwa mhakiki wa fasihi.

Hata hivyo, kuna udhaifu usiopaswa kufumbiwa macho. Bamba lililopachikwa kichwani mwa Sancia kwa ukatili ndilo linalomfanya awe shujaa. Kadiri msuko unavyosonga, jeraha hugeuka kuwa kipaji, na watumwa wengine waliofia katika majaribio hubaki nyuma kama habari ya zamani. Riwaya inayolaani kumfanya mtu chombo inamhitaji mtu aliyefanywa chombo ili hadithi yake iende. Bennett anaonekana kulijua tatizo hili, kwa kuwa anampa Sancia hasira isiyopoa; lakini kulijua tatizo si kulitatua.

4.0 Babel: Fedha, Pengo na Msemaji

Kuang anaacha mji wa kubuni na kuiweka taaluma yake ndani ya historia. Mahali ni Oxford, miaka ya 1830, na taasisi ni ya kubuni: Taasisi ya Kifalme ya Tafsiri, iliyomo ndani ya mnara wa ghorofa nane. Wafasiri wa mnara huo huchonga maneno mawili ya lugha mbili juu ya mkuo wa fedha, neno moja upande mmoja na la pili upande mwingine. Msemaji anayezimudu lugha zote mbili anapoyatamka, ile sehemu ya maana iliyopotea katika tafsiri hutokea ulimwenguni kama tendo. Pengo baina ya maneno ndilo mtambo. Kwa mikuo hiyo meli huenda kasi, viwanda husokota nyuzi, madaraja husimama, na bustani za matajiri hunukia.

Kiswahili kina fursa ya pekee ya kuisoma riwaya hii, kwa sababu neno fedha lina maana mbili zisizotenganishwa: madini meupe na pesa. Kile ambacho Kuang hutumia kurasa nyingi kukionesha, yaani kwamba madini yanayong'aa mnarani ndiyo yaleyale yanayozunguka katika biashara ya chai na kasumba baina ya Uingereza, India na China, Kiswahili hukitamka kwa neno moja. Mfasiri wa riwaya hii kwa Kiswahili angekutana na jambo la ajabu: pale Kiingereza kinapoficha uhusiano, Kiswahili kinaufichua, na pengo hilo ndilo hasa ambalo kwa mantiki ya riwaya lingezaa nguvu.

Sharti la mafanikio katika Babel ni gumu kuliko la Foundryside. Leksikoni ni mtambo. Inaweza kujengwa na kufungiwa. Mkuo wa fedha unahitaji mtu anayeiishi lugha. Haitoshi kujua kamusi. Lazima lugha iwe imeingia hadi ndotoni. Kwa kuwa lugha za Ulaya zimeazimana sana na jozi zake zimeanza kufifia, mnara unahitaji lugha za mbali, na lugha za mbali huja zikiwa zimebebwa na watoto. Robin Swift anatolewa Canton akiwa yatima, baada ya kipindupindu kuua jamaa zake, na kulelewa Uingereza na Profesa Lovell, ambaye ni baba yake asiyekiri ubaba. Ramy anatoka Calcutta. Victoire ana asili ya Haiti. Wanapewa posho, vyumba, vitabu na joho. Wanaupenda mnara, na riwaya ina ujasiri wa kuonesha kwamba mapenzi hayo ni ya kweli.

Hapa dhana ya Marx inapata sura isiyo ya kawaida. Mfanyakazi wa kiwandani hutenganishwa na kitu alichokitengeneza kwa mikono. Robin anatenganishwa na lugha ya mama yake. Kichina chake kinahifadhiwa na Lovell kama mali inayotunzwa isishuke thamani, huku mtoto mwenyewe akinyimwa jina alilopewa na mama yake na kutakiwa ajichagulie jingine linalofaa masikio ya Waingereza. Anaporudi Canton akiwa mkalimani, lugha aliyoinyonya na maziwa inatumika kuwakingia kifua wauza kasumba. Hakuna kiwanda kinachoweza kumtenga mtu na nafsi yake kwa ukamilifu kuliko huo.

5.0 Kanuni ya Pengo na Swali la Lugha Zilizochanganyika

Pamoja na nguvu zake, kanuni ya uchawi katika Babel ina mgongano unaohitaji kuhojiwa. Kwa mujibu wa riwaya, lugha zinapokaribiana na kuazimana, jozi zao hupoteza nguvu. Kutokana na kanuni hii, utajiri wa lugha hupimwa kwa umbali wake. Lugha iliyokaa mbali ina nguvu, iliyochanganyika imechakaa. Hii ndiyo mantiki ya wakoloni wa mnarani, na riwaya inaishutumu mantiki hiyo. Lakini kwa kuwa kanuni yenyewe inafanya kazi kimaumbile, ulimwengu wa riwaya unawaunga mkono wakoloni: wana sababu ya kweli ya kutafuta lugha zisizoguswa. Suala la Victoire linaudhihirisha ugumu huu. Taasisi inamtaka kwa Kifaransa chake. Kikrioli cha Haiti, lugha iliyozaliwa na watumwa na kushiriki katika kuzaliwa kwa taifa huru, hakipewi heshima ya namna hiyo.

Kiswahili kingepewa nafasi gani mnarani? Ni lugha yenye sarufi ya Kibantu na msamiati uliopokea maneno ya Kiarabu, Kiajemi, Kireno, Kihindi na Kiingereza. Kwa kanuni ya umbali, ingeonekana imetumika na kuisha. Hali halisi ya lugha inasema vingine. Neno safari lina asili ya Kiarabu. Likaingia Kiswahili likiwa na maana ya mwendo wowote, uwe wa kwenda Hija, sokoni au kaburini. Lilipoazimwa na Kiingereza, likabanwa kuwa msafara wa kuwinda au kutazama wanyama. Neno ni lilelile kwa herufi zote, lakini baina ya safari ya Mswahili na safari ya mtalii kuna pengo ambalo ndani yake imo historia nzima ya ukoloni. Kuazima hakukuziba pengo. Kuliumba.

Jambo la kuvutia ni kwamba riwaya yenyewe inalijua hili katika mifano yake kuliko katika kanuni yake. Mkuo unaomponya Robin katika sura ya mwanzo unatumia neno la Kifaransa na la Kiingereza yenye asili moja, ambayo yameachana njiani: moja lilishikilia maana ya dawa, jingine likaishia kwenye utamu wa sukari. Jozi hiyo ina nguvu kwa sababu ya ujamaa wa maneno hayo. Kwa hiyo, Babel ina nadharia mbili za lugha ndani yake. Moja, inayotamkwa na maprofesa, husema nguvu iko katika umbali. Ya pili, inayodhihirika katika mikuo yenyewe, husema nguvu iko katika historia ya pamoja iliyopita njia tofauti. Riwaya ingekuwa kali zaidi kama ingeiacha nadharia ya pili iishinde ya kwanza waziwazi, na kama Kikrioli cha Victoire kingekuwa ndicho uwanja wa ushindi huo.

6.0 Mnara wa Kubuni na Seminari ya Kweli

Msomaji anaweza kudhani kuwa taasisi inayosafirisha wasemaji ili wautumikie ukoloni kwa ndimi zao ni ubunifu wa Kuang. Historia ya Kiswahili inaonesha kuwa si hivyo. Seminari ya Lugha za Mashariki ilianzishwa Berlin mwaka 1887, na miongoni mwa waliojifunza humo walikuwa maofisa na wamishenari waliokuwa wakielekea makoloni. Mwaka 1900 Mtoro bin Mwinyi Bakari, mwenyeji wa maeneo ya Bagamoyo, alikwenda huko kufundisha Kiswahili. Kitabu cha Desturi za Wasuaheli, ambacho yeye ndiye mwandishi wake mkuu, kilitolewa na Carl Velten mwaka 1903. Mwaka 1905 Mtoro alijaribu kurejea nyumbani pamoja na mkewe Mjerumani. Utawala wa kikoloni ukawazuia kushuka, wakarudishwa Ujerumani. Alifariki Berlin mwaka 1927. Jina lake liliwekwa katika anwani ya kitabu katika tafsiri ya Kiingereza ya J. W. T. Allen, iliyochapishwa mwaka 1981.

Ulinganisho huu haukusudii kudai kuwa Kuang alimfikiria Mtoro. Unakusudia kuonesha kuwa sharti la mafanikio lililobuniwa katika Babel, yaani msemaji anayeiishi lugha, lilikuwa sharti halisi la utawala. Ukoloni ulihitaji sarufi, kamusi na vitabu vya desturi, na vyote hivyo havikuandikika bila watu kama Mtoro. Lugha yake ilipewa njia ya kupita bandarini. Yeye na mkewe wakanyimwa. Tofauti na mkuo wa fedha, kitabu chake hakikusimamisha daraja. Lakini kiliwasaidia wageni kuijua jamii waliyotaka kuitawala, na wakati huohuo kikawahifadhia Waswahili wa baadaye kumbukumbu za jamii hiyo. Maandishi ya mwandishi aliyeandikwa kazi yanaweza kumtumikia mwajiri na kumzidi mwajiri umri.

Hili la mwisho ndilo ambalo Babel haina nafasi nalo. Katika riwaya, kila mkuo unaotengenezwa ni mkuo wa dola. Uwezekano kwamba kazi iliyofanywa ndani ya mnara inaweza kuja kusomwa dhidi ya mnara, vizazi viwili au vitatu baadaye, haupewi uzito.

7.0 Kugoma na Kugawana

Riwaya hizi zinatofautiana katika kujibu swali la namna mwandishi anavyoweza kujikomboa. Katika Babel, jibu ni mgomo. Robin, Victoire na wenzao wanaushika mnara na kukataa kuihudumia mikuo ya nchi. Taratibu, mambo yanaanza kuharibika: usafiri unakwama, majengo yanatetereka, na daraja la Westminster linaanguka mtoni. Ukweli uliofichwa kwa mng'aro wa fedha unaonekana hadharani: dola ilisimama juu ya vinywa vya watu wachache iliowadharau. Wafanyakazi wa mjini, ambao mikuo iliwapokonya kazi viwandani, wanakuja kuwalinda walewale walioitengeneza. Sehemu hii ndiyo kilele cha kifikra cha riwaya, kwa sababu mfasiri anajitambua kama mfanyakazi mbele ya wafanyakazi wengine.

Hata hivyo, mgomo unaishia katika kuangamiza. Robin anatumia jozi iliyokatazwa, inayojaribu kutafsiri neno tafsiri lenyewe, na fedha inapasuka kwa kushindwa kulibeba pengo hilo. Mnara unaporomoka pamoja naye. Ni hitimisho lenye mantiki ya kisanaa: taaluma inakufa pale inapoulizwa maana yake. Lakini ni hitimisho linalokubali kwamba mwandishi hawezi kuimiliki kalamu yake isipokuwa kwa kuivunja. Victoire anayenusurika anabeba maswali yote ambayo kifo cha Robin kimeyaacha bila majibu, na riwaya inamwacha njiani.

Foundryside inachagua njia nyingine. Sancia, Orso na wenzao wanaishia kufungua karakana yao wenyewe nje ya kuta za campo. Riwaya inayofuata, Shorefall (2020), inalipanua wazo hilo: maarifa ya uandishi yanatolewa kwa watu wa nje badala ya kufungiwa ndani ya nyumba nne. Ukombozi hapa hauji kwa kuuvunja mtambo, bali kwa kuuzidisha hadi usiwe mali ya mmoja. Ni jibu lenye matumaini zaidi, na pia jepesi zaidi. Tevanne ni mji wa kubuni. Hauna Canton wala Haiti nyuma yake, na kwa hiyo Bennett anaweza kugawa mali bila kuulizwa deni la nani linalipwa. Kuang, aliyejifunga na historia, hakuwa na wepesi huo. Vita vya Kasumba vya 1839 hadi 1842 vilipiganwa, na hakuna riwaya inayoweza kuvifuta.

Tofauti hii inaeleza kwa nini kazi hizi zinafaa kusomwa pamoja. Babel inajua gharama lakini haioni urithi. Foundryside inaona urithi lakini inapunguza gharama.

8.0 Hitimisho

Makala hii imeonesha kuwa taaluma ya kubuni ya waandishi katika Foundryside na Babel ni njia ya kuchunguza kazi ya lugha chini ya umiliki wa wengine. Katika riwaya zote mbili, maandishi hutenda kwa sababu ya masharti yaliyo nje ya maandishi: leksikoni iliyofungiwa, mwili wa mtu uliotolewa kafara, na ulimi wa msemaji aliyenyakuliwa utotoni. Wenye mamlaka humiliki masharti hayo, au hujaribu kuyamiliki, na ndiyo maana bingwa wa kuandika hubaki kuwa mtu aliyeandikwa.

Kitenzi andika kimesaidia kuliona jambo hili kwa ukaribu ambao istilahi zilizozoeleka haziutoi. Neno fedha limeweka wazi kiini cha uchumi wa Babel, na neno safari limeonesha kasoro katika kanuni yake ya pengo. Kwa hiyo, Kiswahili kinaweza kutumika katika uhakiki wa fasihi ya kigeni kwa zaidi ya kueleza yaliyokwisha kusemwa kwa Kiingereza. Kinaweza kuona ambacho lugha ya matini haikukiona. Kazi hiyo nayo ina masharti ya mafanikio: vyuo vinavyoikubali, watahini wanaoisoma, na hifadhi zinazoiweka wazi kwa kila anayetaka kuisoma. Riwaya hizi zinakumbusha kuwa masharti hayo yana wenyewe, na kwamba kabla ya kusifu nguvu ya kalamu yoyote, yafaa kuuliza aliyeishika ameandikwa na nani.